Re: Rangi zinapotea katikati ya filamu, nakala ni mbovu?

Habari mkuu. Unasema filamu ya If.... (1968) inageuka nyeusi na nyeupe ghafla, kisha rangi zinarudi. Kabla hujamfokea muuzaji, angalia zinapotelea wapi kwanza. Kama ni kwenye ibada kanisani, nakala yako ni nzima. Mimi nilifuta diski yangu kwa fulana mara tatu nzima!

Mpiga picha wa filamu hiyo ni Miroslav Ondříček wa Prague. Kanisa lile lilikuwa kubwa, madirisha mapana, bajeti ndogo. Mkanda wa rangi wa enzi hizo ulidai taa nyingi, na jua la dirishani likihamahama hakuweza kuahidi kwamba rangi zingelingana. Mkanda wa nyeusi na nyeupe unavumilia mwanga hafifu. Mwongozaji, Lindsay Anderson, akaupenda, akautumia na kwingine.

Ukitaka kumfuatilia Ondříček zaidi, ruka moja kwa moja hadi filamu ya Amadeus (1984), aliyoipiga Prague kwa rafiki yake, mwongozaji Miloš Forman. Tazama mishumaa ya ukumbi wa opera, nyuso zilivyo na joto la manjano na pembe zikiachwa gizani. Oscar aliteuliwa tu, kwa Amadeus na kwa filamu nyingine, Ragtime. Mimi ningempa.