Daftari la madeni: maswali yenu kuhusu Kaunda, Mkwawa na ndizi za Tukuyu

Tangu nilipoandika kwamba uamuzi wa Kenneth Kaunda, rais wa kwanza wa Zambia, kufungua tena reli ya kusini inayopita Rhodesia mwaka 1978 ulikuwa tanzia, simu yangu haijapumua. Nayajibu maswali kwa mpangilio ninaoupenda mimi. Wale watatu mnaouliza lini viza ya Marekani itakuwa rahisi, hapa si ubalozini.

Shikamoo mwalimu. Uliandika kwamba kilichompata Kaunda mwaka 1978 ni tanzia. Mbona alifariki juzijuzi tu? (Mafiati, Mbeya)

Marahaba. Alifariki Juni 2021, na siku hiyo kila kundi la WhatsApp liliandika TANZIA kwa herufi kubwa. Mimi nalitumia neno kama walimu wa fasihi wanavyolitumia: mtu, tena si mwovu, anafika mahali ambapo kila njia ina msiba wake, na lazima achague mojawapo kwa mkono wake mwenyewe. Lori likikatika breki kwenye mteremko wa Iwambi, hiyo ni ajali. Dereva akijua breki hakuna, akaamua kuligongesha ukingoni yeye na utingo wake ili lisiingie kwenye watu huko chini, hapo tumeanza kuongea lugha moja.

Naomba unieleze nadharia ya uhalisia katika uhusiano wa kimataifa, kurasa tano, mwisho Ijumaa. (Mwanafunzi wa chuo)

Hapana.

Katika siasa za dunia hakuna rafiki wa kudumu wala adui wa kudumu, kuna maslahi ya kudumu tu. Sasa maadili yanatoka wapi? (Wasomaji wanne: Mbeya, Mafinga, Njombe, Vwawa)

Wanne, na maneno ni yaleyale, hata mkato haujahama. Mngekuwa darasani kwangu ningejua nani kamwangalizia nani.

Maneno hayo asili yake ni Lord Palmerston, bungeni London, Machi 1848. Kabla ya kumfanya mtume, angalieni matendo yake. Alikuwa waziri wa mambo ya nje Uingereza ilipopigana na China mwaka 1839 kulinda biashara ya kasumba. Huyohuyo mwaka 1850 aliruhusu manowari ziingie mpaka kwenye bandari za Brazil kukamata meli za watumwa. Yote mawili aliyaita maslahi ya nchi yake. Sasa niambieni, maslahi gani hayo ya kudumu yanayouza sumu mkono huu na kufungua minyororo mkono ule? Maslahi hayaokotwi chini ya mti kama embe. Watu hukaa wakaamua lipi ni maslahi, ya nani, na ya leo au ya mjukuu. Wakishaanza kuamua hayo, maadili yamo chumbani tayari, hata kama hakuna aliyeyakaribisha.

Na wanaojiona wajanja kwa kuyafukuza, historia inawajua. Mwaka 416 kabla ya Kristo Waathene waliwaambia watu wa kisiwa kidogo cha Melos kwamba mwenye nguvu hufanya awezalo na mnyonge huvumilia. Waliwaua wanaume, wakawauza wanawake na watoto. Mwaka uliofuata wakapanda meli kwenda Sicily na kiburi kilekile. Kufika 413 jeshi lote lilikuwa limeteketea huko. Simaanishi kwamba Mungu aliwaadhibu. Namaanisha mtu akizoea kutojiuliza, haachi siku moja tu.

Mkubwa akisema "ni kwa maslahi ya taifa" na kuishia hapo, ulizeni swali la mwenye duka: kwenye daftari, deni linaandikwa kwa jina la nani?

Baba yangu aliendesha malori ya Zambia miaka hiyo. Mpaka leo anasema Kaunda alitusaliti alipofungua reli ya kusini, na sisi tulishampa TAZARA. Ni kweli? (Tunduma)

Mpe mzee shikamoo yangu, kisha umsomee polepole.

Zambia ilipata uhuru Oktoba 1964. Novemba 11, 1965, Ian Smith akajitangazia uhuru wa walowezi kule Rhodesia, Zimbabwe ya leo. Shaba ya Zambia ilipita huko kwenda baharini, mafuta yaliingilia huko, na makaa ya mawe pia. Hebu fikiria una nyumba yenye mlango mmoja, na mlango wenyewe uko sebuleni kwa jambazi. Ndipo malori ya akina baba yako yakaanza kupita hapa usiku na mchana kwenye barabara ya vumbi, bomba la mafuta la TAZAMA likafunguliwa mwaka 1968, na kuanzia 1970 hadi 1975 ikajengwa TAZARA, reli ya kilomita 1,860, kwa mkopo wa China usio na riba. Baba yangu mimi alibeba mataruma upande wa Makambako, kwa hiyo sina haja ya kuambiwa tulitoa nini.

Januari 1973 Smith aliufunga mpaka ili kumbana Kaunda. Wiki chache baadaye, alipotaka kuufungua, Kaunda ndiye aliyekataa. Alikataa kwa miaka mitano! Katikati ya miaka hiyo bei ya shaba ikaanguka, na vita vya Angola vikaifunga reli ya Benguela upande wa magharibi. Zikabaki njia zetu, yaani bandari ya Dar es Salaam iliyojaa shehena mpaka pomoni na TAZARA yenye vichwa vya treni vinavyokufa kila mara.

Basi ikafika 1978. Mbolea ya Zambia imekwama na mvua za Novemba zinakuja. Watu wa Mbozi na Mbarali sina cha kuwafundisha hapa. Mbolea ya kupandia ikifika Januari ni takataka, na mahindi hayasikilizi hotuba za ukombozi. Oktoba akafungua reli ya kusini. Mwezi huohuo ndege za Rhodesia zikashambulia kambi ya ZAPU, chama cha wapigania uhuru wa Rhodesia waliohifadhiwa na Kaunda, karibu na Lusaka, wakafa mamia. Yaani mbolea yako inapita kwa mtu yuleyule ambaye ndege zake zinawaua wageni wako.

Angalia alichokifanya baada ya hapo, maana ndipo msaliti anapojulikana. Kambi hakuzifunga. Msaliti angechukua mbolea na kuwafukuza wageni. Kaunda alichukua mbolea, akabaki na wageni, akabaki na mabomu, na akabeba lawama za marafiki zake, Nyerere akiwemo.

Alifanya sahihi? Naweza kukutajia waliolipa: mpigania uhuru aliyeona treni ya adui ikipita na mzigo wa mwenyeji wake. Naweza pia kukutajia ambao wangelipa kama asingefungua, wakulima wa Zambia na watoto wao. Anayekwambia jibu ni rahisi hajawahi kupanda hata nusu eka. Na kabla ya kulitamka neno "msaliti", sisi wa upande huu tukiri kwamba mbolea ilikwama kwetu.

Vita vya Kagera vilikuwa vya haki, au tuliingilia nchi ya watu? (Kihesa, Iringa)

Vyote viwili, na acheni kulazimisha kimoja. Idi Amin wa Uganda alivamia Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, akatangaza kwamba ardhi ile ni yake. Kumtoa hakuna anayekupinga. Lakini jeshi letu halikuishia mpakani, lilikwenda mpaka Kampala, ikaanguka Aprili 11, 1979. Katiba ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika ilikataza kuingilia mambo ya ndani ya mwanachama, na sisi tuliitia sahihi mwaka 1963. Kule Monrovia, Julai 1979, baadhi ya wakuu wa nchi walitushambulia kwa maneno. Walikuwa na hoja. Ila hao wenye hoja walikuwa wamekaa kimya miaka minane Amin akiua watu wake, na kimya nacho kilikuwa uamuzi.

Tulilipa. Tuliambiwa tufunge mkanda miezi 18, na waliokula unga wa yanga, yaani wa mahindi ya njano, wanajua ile miezi iliishia wapi. Waganda nao walilipa: Obote, ambaye Amin alimpindua, akarudi madarakani Desemba 1980, kisha ikaja vita ya msituni ya Luwero. Kumng'oa dhalimu tuliweza. Kilichofuata hakikuwa mikononi mwetu tena, na bado jina letu limo.

Urusi na Ukraine, nani ana haki? (Makambako)

Aliyevuka mpaka na vifaru Februari 24, 2022 anajulikana. Swali lenye faida kwako ni kwa nini nchi yetu, ambayo rais wake Nyerere ndiye aliyesimama Cairo mwaka 1964 kutetea kwamba mipaka iheshimiwe, ilijizuia kupiga kura ya kulaani uvamizi huo Umoja wa Mataifa, Machi 2022. Labda sababu zilikuwa nzuri. Ningependa kuzisikia zikisemwa kwa sauti.

Kamwene mwalimu. Ni kweli fuvu la Mkwawa liliandikwa kwenye mkataba wa kumaliza Vita Kuu? (Kalenga)

Kamwene. Ni kweli, kifungu cha 246 cha Mkataba wa Versailles, 1919. Kiliitaka Ujerumani iikabidhi Uingereza fuvu la Mkwawa, chifu wa Wahehe aliyewapiga vita Wajerumani nao wakachukua kichwa chake, ndani ya miezi sita. Kifungu hichohicho kinaitaka pia Kurani ya Khalifa Uthman irudishwe kwa mfalme wa Hijazi. Lakini usidhani Mwingereza alifanya hivyo kwa kumpenda Mhehe. Alikuwa ndio kwanza ameichukua nchi kwa Mjerumani, na alitaka aonekane bwana mwenye adabu.

Miezi sita ikawa miaka 35. Hatimaye Edward Twining, gavana wa Tanganyika, akaenda mwenyewe kwenye makumbusho ya Bremen, akachagua fuvu kwa vipimo na tundu la risasi, akalikabidhi kwa Chifu Adam Sapi hapo Kalenga, Juni 19, 1954. Kenya wakati huo ilikuwa inawaka moto wa Mau Mau, na sidhani gavana alikuwa amelisahau hilo. Nia yake ilikuwa chafu nusu. Wahehe walilipokea, na mimi ningelipokea. Jambo jema lililofanywa kwa hesabu bado ni jambo jema, mradi usiitupe hesabu.

Ndivyo ninavyolipima na lile la Rais Steinmeier kuomba msamaha Songea, Novemba 2023, kwa waliouawa katika Maji Maji. Msamaha umeombwa, vizuri. Mifupa ya babu zetu bado imo kwenye maghala ya Ujerumani. Nawasihi wanaokwenda Kalenga kupiga picha za kuchekesha mbele ya lile kabati la fuvu, waache.

Malawi walizuia ndizi zetu. Aprili 2025 sisi tukazuia mazao yao, siku chache tu tukalegeza. Kwa nini tusiwafungie kabisa washike adabu? (Tukuyu)

Kwa sababu Malawi haina bahari. Kuifungia njia nchi isiyo na bahari ndicho Smith alichomfanyia Kaunda, na nimetumia nusu ya ukurasa huu kueleza ubaya wake. Kujibu zuio kwa zuio ili mtu aje mezani, sawa. Walikuja, tukafungua, ndivyo inavyotakiwa. Wao walisema wanalinda wakulima wao, na hoja hiyo hata sisi huitoa tukibanwa.

Na nyie mnaosambaza ramani za vita vya Ziwa Nyasa kila jambo dogo likitokea, futeni. Wao wanashika mkataba wa Mjerumani na Mwingereza wa 1890 kwamba ziwa lote ni lao, sisi tunasema mpaka ni katikati ya maji. Wazee wa nchi mbalimbali wamekaa na suala hilo, na wavuvi wa Matema na wa Karonga wanaendelea kukutana majini bila kuombana hati.

Kuhusu ndizi, umeniuliza habari za adabu ya Malawi. Hukuniuliza mikungu iliyokuwa tayari kwenye Fuso siku zuio lilipoanza iliishia wapi, na nani alimlipa mama aliyeikata alfajiri kule Rungwe. Nilitegemea wewe wa Tukuyu ndiye ungenieleza. Niandikie.