Kabla hujanunua koti la steji, wasikilize Pulp kwanza

Mdogo wangu yuko Tanga, kaunda bendi na wenzie watatu, juzi kanitumia voisi ndeefu kwenye WhatsApp anaomba hela ya makoti ya kung'aa na mashine ya moshi maana wanataka shoo yao iwe kama maigizo. Nikamwambia dogo ngoja kwanza nitakuandikia, halafu nikaona bora niandike hapa na wengine wasome, sababu kosa hilohilo nimelifanya mimi na liliniuma kwa muda mrefu.

Mimi naishi Sheffield, kaskazini mwa Uingereza. Mwaka wa kwanza nilipofika hapa nikajiunga na jamaa watatu tunafanya wote kazi ya jikoni, tukaanza kupiga muziki, mimi naimba. Shoo yetu ya kwanza ilikuwa chumba cha juu cha pabu moja, nimevaa koti jekundu lenye mabega mapana, poda usoni, tunaimba Kiingereza, nyimbo za wafalme na nyota na mapenzi ya kwenye hadithi. Watu walikuwa kama ishirini hivi. Wimbo wa tatu wote wamegeukia kaunta wanaagiza vinywaji, wa tano mwenye ukumbi katuzimia maiki. Nilirudi nyumbani kwa miguu na lile koti kwenye mfuko wa plastiki, sitaki hata kulitazama.

Mzee mmoja wa kazini ndo akaniuliza, inakuwaje unaishi mji wa Pulp na hujawahi kuwasikiliza? Akaniletea CD ya albamu yao Different Class ya 1995. Jamani.

Sasa hawa Pulp ni nani. Bendi ya hapahapa Sheffield, Jarvis Cocker aliianzisha 1978 akiwa na miaka 15, yuko shule bado. Mrefu, mwembamba kama ufito, miwani mikubwa, Jumamosi anafanya kazi ya kusafisha kaa sokoni Castle Market kwa wauza samaki (mimi mtoto wa muuza samaki hapo tayari nishamsikiliza kwa sikio lingine). 1981 akampa demo, yaani rekodi ya majaribio, John Peel, mtangazaji wa BBC ambaye akikupenda basi umetoka, na kweli Peel akawaita kurekodi kwenye kipindi chake mwaka huohuo, wakadhani mambo yameiva. Unajua walirudi lini kurekodi tena kwa Peel? 1993. Miaka 12! Katikati hapo walitoa albamu 1983, nyingine 1987, nyingine 1992, wanamuziki wanaingia wanatoka, na umaarufu hakuna.

Lakini kitu ninachotaka dogo akielewe kilitokea 1985. Jarvis alikuwa ghorofani kwa binti mmoja, anataka kumfurahisha kwa kuning'inia nje ya dirisha, mikono ikachoka, akaanguka mpaka chini. Akavunjika nyonga, mguu na kifundo cha mkono, akalazwa wiki kadhaa, na baadae akawa anapiga shoo akiwa kwenye kiti cha magurudumu. Mwenyewe ameshasimulia kwamba pale kitandani ndo akili ilimfunguka, alikuwa anatafuta mambo makubwa ya mbali ya kuimba wakati hadithi zote ziko pembeni yake, kwa watu wa kawaida wanaoongea mambo yao. Halafu 1988 akahamia London kusoma filamu chuo cha Saint Martins, na akiwa mbali na Sheffield ndo akaanza kuiona Sheffield vizuri, mabasi yake, makapeti yake, karatasi za ukutani, majirani wanaochunguliana. Hilo nalijua mwilini mwangu, mimi Tanga nimeanza kuiona nikiwa hapa kwenye baridi, nikiwa kule nilikuwa naipita tu.

Kwahiyo ukisikia Pulp ni bendi ya maigizo usifikirie mashine ya moshi. Sikiliza wimbo wao wa Common People. Binti wa Kigiriki, baba ake ana hela, wanakutana hapo Saint Martins, anamwambia Jarvis anataka kuishi kama watu wa kawaida, basi jamaa anampeleka supamaketi. Ndo mahali pa kuanzia hapo! Wimbo unaanza taratibu kama mtu anakupa umbea jikoni, anaongea zaidi kuliko kuimba, kinanda kimetulia, halafu polepole unaongeza mwendo bila wewe kushtuka, mpaka mwisho jamaa anapiga kelele kwa hasira kabisa kwamba wewe mambo yakikushinda utampigia baba ako simu, sisi hatuna wa kumpigia. Huo ndo mchezo wa kuigiza wenyewe, una wahusika, una sehemu, una mgogoro unaopanda. Na melodi yake aliitungia kwenye kinanda kidogo cha Casio cha mtumba alichokinunua dukani Notting Hill. Ukafika namba 2 kwenye chati za Uingereza.

Halafu kuna mwili. Tafuta video ya Glastonbury, lile tamasha kubwa la muziki la Uingereza, 24 Juni 1995, bendi ya Stone Roses walikuwa wafunge usiku ule, mpiga gitaa wao John Squire akavunjika mfupa wa bega, Pulp wakaitwa dakika za mwisho. Angalia mikono ya Jarvis. Kidole kinanyooka, kiwiko kinakunjwa, anamtazama mtu mmoja kama anamwambia yeye peke yake wakati mbele yake kuna bahari ya watu. Mimi nimekulia kwenye harusi za Tanga, nimewaona waimbaji wa taarab wamesimama palepale hawaruki hawakimbii, jicho moja tu na kiganja kimefunguka na ukumbi mzima unajua kipande hicho anaambiwa nani, na mama anainuka na noti kwenda kutuza. Nilipoona ile video nilitamani kulia, kitu nilichokuwa nakitafuta kwenye koti nilikiacha nyumbani.

Nani aliwafundisha? Scott Walker kwanza, Mmarekani aliyejenga jina lake Uingereza miaka ya 60, sauti nzito na vinanda vya huzuni. Walimpenda mpaka albamu yao ya 2001, We Love Life, aliiprodyuzi Scott Walker mwenyewe, hebu fikiria. Serge Gainsbourg wa Ufaransa, kwake utasikia ule mnong'ono wa kuongea juu ya muziki. David Bowie na bendi ya Roxy Music, wote wa Uingereza. Na disko pia, ya kuchezea kabisa. Dogo hapa nikushauri kitu, usichukue nguo za mtu unayempenda, chukua namna anavyotazama.

Na usijifanye bendi ni mwimbaji peke yake. Candida Doyle anapiga kinanda tangu 1984 na ana ugonjwa wa baridi yabisi tangu akiwa binti mdogo, madaktari walishamtisha kuhusu mikono yake, bado yupo. Russell Senior na fidla yake ndo aliwapa ule ukali wa mwanzo, aliondoka 1997. Steve Mackey wa besi alifariki Machi 2023, na walipotoa More mwezi Juni 2025, albamu ya kwanza baada ya miaka 24, wakamtunukia yeye, nayo ikaingia namba 1 kwenye chati za Uingereza. Hiyo siku niliisikiliza basini naenda shifti nikashuka kituo kisicho changu.

Turudi kwangu. Baada ya lile koti nilikaa miezi siimbi, halafu nikaandika wimbo wa mama anavyorudi kutoka Deep Sea, soko la samaki la Tanga, alfajiri na sinia kichwani, maji ya samaki yanamchuruzika shingoni, na mimi niko dirishani najifanya nimelala ili nisitumwe kumpokea. Nusu Kiswahili nusu Kiingereza, mwanzo naongea tu. Pabu nyingine, watu labda kumi na tano, nimevaa shati la kazini. Hakuna aliyegeukia kaunta. Kuna mama mmoja Mwingereza mtu mzima alikuja baadae akanishika mkono akaniambia baba ake alikuwa muuza samaki, akashindwa kuendelea.

Basi dogo, hela ya makoti situmi. Natuma ya kinanda cha mtumba, mwezi ukiisha. Na naomba wimbo wa kwanza uwe wa yule jirani yetu wa Ngamiani aliyekuwa anapiga pasi sare za watoto usiku wa manane, redio iko chini ya meza, anaongea peke yake, nataka kujua wewe ulikuwa unamsikia anasema nini.