Mali imelipwa Katuba, ndoa inadaiwa Liège: je, nisaini kwamba sijaolewa?

SWALI: Jambo Maître. Mimi ni binti wa Katuba, hapa Lubumbashi, nina miaka 26. Mchumba wangu yuko Liège, Ubelgiji, na ana makaratasi ya kule. Mwezi wa nane alikuja kwa majuma matatu. Familia yake ilileta mali yote ya mahari: feza, mbuzi, vitenge vya mama. Jioni ile shangazi zangu walinisindikiza mpaka kwa wakwe zangu, komini ya Kenya hapa hapa Lubumbashi, wakanikabidhi, nikabaki. Eta sivili, ofisi ya serikali inayoandikisha ndoa, hatukwenda kwa sababu ndege yake ilikaribia. Sasa tunataka kufunga ndoa Liège, na komini ya kule inaniomba cheti cha kuzaliwa na attestation de célibat. Cheti cha kuzaliwa sina. Binamu yake ananiambia nisaini tu kwamba sijaolewa, eti Wazungu hawajui mambo ya kwetu, na yuko mtu anayeweza kunipatia karatasi zote kwa siku mbili. Moyo wangu hautulii. Nifanye nini?

JIBU LA WAKILI: Dada, usisaini. Moyo wako unaona vizuri kuliko huyo binamu.

Karatasi ile inaitwa attestation de célibat, yaani unatamka mbele ya serikali kwamba hakuna ndoa inayokufunga. Swali ni kama tamko hilo ni kweli. Na ukweli wake hautegemei kama ulivaa gauni jeupe au kama padri alikubariki. Unategemea kilichotendeka jioni ile, wakati shangazi zako walipokushika mkono.

Sheria ya familia ya Kongo, yaani sheria namba 87-010 ya tarehe 1 Agosti 1987 iliyorekebishwa na sheria namba 16/008 ya tarehe 15 Julai 2016, inafungua milango miwili ya ndoa. Unaweza kuoana mbele ya ofisa wa eta sivili, au unaweza kuoana katika familia, kwa desturi ya kwenu, kisha ndoa hiyo ikapelekwa kwa ofisa aiandikishe. Uchumba ni kitu kingine: ni ahadi tu, haimlazimishi mtu kuoa wala kuolewa. Mali nayo, ambayo vitabu huita mahari, ni sharti la ndoa, na lazima walau sehemu yake iwe imetolewa kabla. Lakini mali peke yake haimfanyi binti kuwa mke. Wako wengi ambao mali yao ililipwa na bado ni wachumba, kwa sababu familia ilisema wazi: tumepokea, lakini mtoto tutamtoa siku nyingine.

Kwako haikuwa hivyo. Mali ilikamilika, mlikubaliana wenyewe wawili, familia mbili zilikuwepo, ukakabidhiwa, ukabaki. Kwa maelezo uliyonipa, wewe ni mke ambaye ndoa yake haijaandikwa. Ndoa isiyoandikwa haina nguvu mbele ya watu wa nje, wala benki, wala ubalozi, wala mtu anayegombea nyumba na wewe. Lakini kutoandikwa si kutokuwepo. Ukisaini kwamba hujaolewa, unatoa tamko la uongo mbele ya ofisa wa serikali, na hilo ni kosa la jinai hapa kwetu kama kule Ubelgiji.

Sasa hilo neno kwamba Wazungu hawajui mambo ya kwetu. Ubelgiji ina sheria ya tarehe 16 Julai 2004 kuhusu mambo yanayovuka mipaka, na inasema kwamba masharti ya kuoa au kuolewa hupimwa, kwa kila mmoja, kwa sheria ya nchi ambayo yeye ni raia wake. Maana yake ofisa wa Liège anapokushughulikia wewe, sheria yake mwenyewe inamtuma kusoma sheria ya Kongo. Na akishuku jambo, anaweza kusimamisha ndoa kwa miezi 2, na mwendesha mashtaka anaweza kuongeza mingine 3, wakati uchunguzi unaendelea.

Uchunguzi huo si wa karatasi tu. Mnaulizwa mmoja mmoja, kila mtu na chumba chake. Nani alikuja siku ya mali? Mjomba gani alizungumza? Mbuzi walikuwa wangapi? Ulilala wapi usiku ule? Mmoja anasema ilikuwa uchumba, mwingine anasema ilikuwa ndoa, na picha za simu zinamwonyesha binti ameketi kwenye mkeka wa wakwe, amefungwa kitenge kipya, bibi wa mume akimnyunyizia unga. Niliwahi kushika faili la namna hiyo. Walipendana kweli, sina shaka nao hata leo. Lakini mume alikuwa ameandika kule kwamba hakuna sherehe yoyote iliyofanyika, na picha zilikuwepo. Kuanzia siku ile hakuna neno lao lililoaminiwa tena, hata yale yaliyokuwa kweli tupu.

Kuna hatari nyingine ambayo hukuniuliza, nami siwezi kuinyamazia. Leo, kwa karatasi, mume wako si mume wa mtu. Sheria yetu inakataza ndoa ya pili kabla ya ile ya kwanza kuvunjwa, lakini ofisa wa Liège au wa mji mwingine atajuaje kuna ya kwanza, kama haikuandikwa popote? Simshutumu mume wako. Nasema tu kwamba dada wengi wa mji huu wamebaki na vitenge vya mama na picha, basi. Kuandikisha ndoa ni ngao yako wewe kabla ya kuwa njia ya viza.

Kabla ya kuendelea, nitakuomba umwulize jambo moja. Umesema “ana makaratasi ya kule.” Neno hilo kwetu linaficha mambo mawili tofauti kabisa. Ana kadi ya ukaaji, au ana pasipoti ya Ubelgiji? Kama ni kadi ya ukaaji, bado ni Mkongomani, na sheria yetu ya familia inawahusu ninyi wote wawili. Kama alichukua uraia wa Ubelgiji, basi sheria namba 04/024 ya tarehe 12 Novemba 2004 inasema uraia wa Kongo ni mmoja na wa pekee: aliyepata mwingine ameupoteza wa kwetu. Hata kama alizaliwa hapa hapa Katuba na anaongea Kiswahili kama wewe, kwa karatasi ni mgeni. Hapo ataleta hati zake za Ubelgiji, pamoja na cheti cha ubalozi wake kinachothibitisha kwamba hakuna kizuizi cha yeye kuoa. Na katika hali hiyo mimi ningependa mwende mbele ya ofisa wa eta sivili afungishe ndoa yenyewe, mkimweleza wazi yaliyofanyika katika familia, kuliko kuomba aandikishe tu ndoa ya desturi ya mtu ambaye si raia tena. Kurudia kufunga ndoa na mume yuleyule si dhambi wala si kosa la sheria.

Nichukulie kwamba ana kadi ya ukaaji. Njia yako basi haipiti kwenye ndoa ya Liège. Inapita kwenye komini ya hapa Lubumbashi, ndoa yenu ya mwezi wa nane iandikwe. Mnafika wawili, na mashahidi wa pande zote mbili, watu walioona mali ikitolewa na wewe ukikabidhiwa. Mjomba aliyepokea asikose. Kama mmechelewa, mlango haujafungwa; ofisa akisita, mahakama ya amani, ile ya ngazi ya chini, ipo kwa mambo hayo. Siku hiyo mtaulizwa pia mnataka mali yenu ya nyumbani iende vipi: kila mtu na chake, au mnachochuma pamoja kiwe chenu wote, au vyote viwe kimoja. Mkinyamaza, sheria inawawekea mpango ule wa katikati. Zungumzeni usiku kabla, si mbele ya ofisa.

Najua utaniuliza kama anaweza kutuma ndugu amwakilishe ili asinunue tikiti. Sheria yetu inaruhusu mwakilishi kwa sababu nzito na kwa idhini ya mahakama. Mimi sikushauri. Ndoa ambayo mmoja hakuwepo huangaliwa Ulaya kwa jicho kali sana. Ufaransa, kwa mfano, sheria yake inamtaka raia wake awepo mwenyewe hata akioa nchi ya mbali. Aje. Majuma mawili yanatosha kama faili limetayarishwa kabla.

Na faili hilo linaanza na cheti cha kuzaliwa, ambacho huna, kama nusu ya watu wanaokaa kwenye benchi langu. Mtoto huandikishwa bure ndani ya siku 90 tangu azaliwe. Siku hizo zikipita, ofisa peke yake hawezi tena kukuandika, inahitajika hukumu. Unakwenda mahakama ya amani na ombi, na wazee wanaojua kuzaliwa kwako. Mahakama inatoa hukumu inayoitwa jugement supplétif. Usikimbie nayo. Inabidi muda wa rufaa upite, karani akupe karatasi ya pili, certificat de non-appel, inayosema hakuna aliyeipinga. Ndipo unapeleka zote mbili komini, ofisa anaandika katika rejista yake na kukupa acte de naissance. Ni karatasi tatu zinazofuatana kama mabehewa. Ubalozi unaziomba zote tatu, na huangalia tarehe: nimeona cheti cha kuzaliwa kilichotangulia hukumu iliyokizaa kwa siku nne. Faili likarudi.

Hapa ndipo “karatasi za siku mbili” zinaponaswa. Hakuna mahakama inayoweza kupitisha muda wa rufaa kwa siku mbili. Isitoshe, balozi huweza kutuma mtu mpaka komini kufungua rejista. Anatafuta namba yako kwenye ukurasa, anakuta mtoto wa mtu mwingine, au ukurasa haupo. Tangu hapo hata karatasi yako ya kweli itaonekana ya uongo.

Leta kadi ya uchaguzi, diploma ya sekondari na pasipoti, uziweke mezani moja kando ya nyingine kabla ya kwenda mahakamani. Sisi tuna majina matatu: nom (jina la ukoo), postnom (jina la kati), prénom (jina la ubatizo). Wazungu wana mawili, na ile postnom yako hawajui waiweke wapi. Leo inaingia upande wa jina la ukoo, kesho upande wa jina la ubatizo, na tayari umekuwa watu wawili. Herufi moja inatosha kukupotezea miezi. Kama diploma ina Mwamba na kadi ina Muamba, umwambie hakimu mapema, hukumu yenyewe isahihishe. Mpangilio utakaokuwa kwenye hukumu uwe uleule wa pasipoti.

Kisha kuna mihuri. Nchi nyingi siku hizi zinapokeleana hati kwa muhuri mmoja wa apostille, uliotokana na mkataba wa The Hague wa tarehe 5 Oktoba 1961. Ubelgiji imo. Kongo haimo. Kwa hiyo hati zako zitahitaji mihuri miwili: kwanza ya Wizara ya Mambo ya Nje, halafu ya ubalozi wa Ubelgiji. Na kila safari ni feza. Ndiyo sababu sikuruhusu kutuma karatasi mojamoja. Kusanya cheti cha kuzaliwa, hati ya ndoa, hati ya uraia, zote ziende safari moja. Na kwa kuwa Liège wanatumia Kifaransa, hutalipia mtafsiri. Angekuwa Antwerpen, wangeweza kukudai tafsiri ya Kiholanzi.

Hati ya ndoa ikishapata mihuri, unaomba viza ya kuungana na familia. Huko watatazama kwamba ninyi wawili mmefikisha miaka 21, na kwamba yeye ana nyumba inayofaa, bima ya afya ya kukuingiza, na mapato ya kudumu. Hilo ni zoezi lake, alianze sasa.

Mama yako akiuliza kuhusu kanisa, mwambie asubiri. Kwetu ndoa ya kanisa peke yake haihesabiki mbele ya serikali, na Ubelgiji katiba yao inataka ndoa ya serikali itangulie baraka.

Kwa hiyo juma hili fanya mambo mawili. Mpigie mume wako, umwulize neno kwa neno pasipoti yake inasema nini, na umwombe aandikie komini ya Liège kusimamisha ombi la ndoa, akieleza kwamba mmekwisha kuoana kwa desturi na mnaandikisha Lubumbashi. Asiseme ni uchumba. Pili, nenda kwa mjomba aliyepokea mali, uandike majina ya wote waliokuwepo jioni ile, siku na mahali, kabla kumbukumbu hazijachakaa. Ukija ofisini, njoo na orodha hiyo pamoja na diploma. Ombi la mahakama ya amani tutaliandika siku hiyohiyo.