Mwanangu na mgeni asiyekufa

SWALI: Ndugu Mhariri, mwanangu wa pekee ana miaka 9. Tangu bibi yake afariki, hana habari nyingine ila za wanyonya damu wasiokufa, na juzi nilikuta ameweka kiti kitupu dirishani, akaniambia ni cha mgeni wa usiku. Je, nimkataze?

JIBU: Mama mpendwa, tafadhali usimkataze. Bram Stoker, mwandishi aliyezaliwa Dublin, Ireland, mwaka 1847 na kuchapisha mwaka 1897 Dracula, riwaya ya mnyonya damu asiyekufa, alikuwa mtoto mgonjwa asiyeweza kusimama mwenyewe hadi alipofikia umri wa miaka 7 hivi, na mama yake alimsimulia habari za kipindupindu kilichoukumba mji wa Sligo, huko huko Ireland, mwaka 1832. Hofu ya wanyonya damu ilikua pale ambapo kifo hakikueleweka: huko Serbia, karne ya 18, wanakijiji walifukua makaburi, wakakuta miili imevimba na damu mdomoni, wakaamini kwamba wafu wanakula, ilhali hayo hutokea maiti ikioza. Mweleze hayo taratibu, kwani mtoto wa umri wake anayaelewa.

Lakini kilichonigusa zaidi ni kile kiti. Mgeni asiyekufa hawezi kumwacha kama bibi alivyomwacha. Jioni moja keti hapo wewe, umwombe akusimulie bibi alikuwa akipenda nini. Akikosa usingizi, au akisema anataka kufa, mpeleke kwa mshauri wa watoto siku hiyo hiyo.