Unaiga Sauti za Watu? Soma Hii Kabla Hujapanda Jukwaani

Napokea klipu nyingi za vijana wanaoiga sauti. Wengi wanamwiga hayati Magufuli, wengine Mwalimu Nyerere, wengine watangazaji wa mpira, na swali linalofuata ni lile lile: "Kaka, nianzie wapi?" Nimeona niandike kwa kirefu, maana jibu la mstari mmoja halimsaidii mtu. Kazi hii ndiyo iliyonilipia kodi ya nyumba na ada za wanangu, na ninaipenda kwa moyo wote. Kwa hiyo nitasema ninachokiamini bila kuzunguka.

Sauti peke yake haichekeshi. Ukipanda ukaongea kama Mwalimu, watu watashangilia na kutoa simu wakurekodi. Hizo ni sekunde za mwanzo tu, na wanachoshangilia ni kule kufanana. Baada ya hapo ukumbi unasubiri kuchekeshwa. Kama huyo Mwalimu wako hana la kusema, utaziona simu zinarudi mifukoni moja moja.

Waangalie waliotutangulia. Kenya, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie walitokea Chuo Kikuu cha Kenyatta wakaunda kundi la vichekesho la Redykyulass, wakamwigiza Rais Moi wakati Moi mwenyewe bado yuko Ikulu. Kufanana kulikuwepo, lakini mimi naamini kilichowakalisha Wakenya mbele ya runinga ni kumsikia "rais" akiyasema waziwazi mambo ambayo mitaani yalikuwa yananong'onwa. Kwetu Tanzania, Steven Mengele alimwiga Mwalimu mpaka watu wakamzoea kwa jina la Steve Nyerere. Ukifika hatua ya kupewa jina la mtu unayemwiga, ujue sauti imekubali. Ila kuanzia hapo unadaiwa maneno.

Sasa, sauti yenyewe inapatikanaje? Wengi wanaanza na koo. Wanalibana, wanalikwaruza, baada ya nusu saa wamekauka. Mimi naanza na pumzi. Chukua hotuba moja, tuseme ile ya Mwalimu ya Mei Mosi mwaka 1995 kule Mbeya. Chagua kipande cha nusu dakika, usizidishe. Kisikilize bila kuangalia picha. Andika kila neno kwenye daftari, halafu chora mstari kila anapovuta pumzi na kila anaponyamaza. Utaona anauliza swali, analiacha lielee, analirudia kwa sauti ya juu zaidi, kisha anacheka mwenyewe kabla watu hawajacheka. Soma kile kipande kwa sauti yako ya kawaida ukifuata mistari yako. Hapo hujaiga chochote bado, lakini mtu aliyekaa chumba cha pili ataanza kusema "huyu kama Mwalimu." Ukishafika hapo ndipo uliguse koo, tena kidogo.

Kila mtu ana mahali anapokaa, yaani kile kinachofanya umtambue mara moja. Magufuli alikaa kwenye lafudhi ya Kanda ya Ziwa na kwenye ile tabia ya kumwita mtendaji mbele ya wananchi na kumhoji papo hapo. Ukimweka katika hali hiyo, kwamba anamhoji fundi aliyechelewesha nguo ya sikukuu, tayari una kichekesho kabla hata hujafungua mdomo.

Rais Samia alipoapishwa Machi 19, 2021, waigaji wengi wa kiume walikwama. Wakaanza kubana sauti iwe nyembamba, na matokeo yake wakawa wanaiga mwanamke yeyote tu. Yule ni mtu wa Zanzibar. Shika lafudhi, shika utulivu, sikiliza anavyolishusha neno la mwisho hata anapokemea. Mwanaume anaweza kumfikia bila kubana koo hata chembe. Na kwa dada zangu mnaosoma hapa: mko wachache mno kwenye uigaji wa sauti, wakati kuna mawaziri, wabunge na watangazaji wanawake ambao bado hawajaguswa. Ingieni.

Kuna jambo vijana hawapendi kulisikia. Sauti ya kiongozi ina umri. Moi aliondoka madarakani mwaka 2002, Mkapa 2005, Kikwete 2015. Ukimwigiza Mkapa leo mbele ya wanafunzi wa chuo, nusu ya ukumbi walikuwa hawajazaliwa au walikuwa wananyonya alipokuwa Ikulu. Ndiyo maana nawaambia, pamoja na wakubwa, jifunzeni konda wa daladala, mangi wa dukani, mwalimu wa nidhamu, mama mwenye nyumba tarehe za kodi zikikaribia. Hawa hawana muhula.

Na tengeneza dakika kumi za kwako, kwa sauti yako, zisizo na kuiga kabisa. Habari za nyumbani kwenu, shule uliyosoma, kazi uliyofanya, namna ulivyolelewa. Mimi nina kipimo kimoja ninachokitumia kwa kila ninachoandika: nakisoma kwa sauti yangu ya kawaida kwa mtu asiyejua kwamba ni kichekesho. Akicheka, nakibakiza, halafu naamua kama kinahitaji sauti ya mtu. Asipocheka, naandika upya. Kipimo hiki ni kigumu, kitakufanya utupe karatasi nyingi, lakini kitakuondoa kwenye kundi la wanaobuma kila wanapoishiwa sauti.

Pa kuanzia ni hapo ulipo. Kipaimara, sendofu, sherehe za ofisini, mahafali. Wengi wetu tuliingia kupitia uMC, na sioni aibu yoyote kwenye hilo, kwa sababu harusini hakuna aliyekuja kwa ajili yako. Ukiweza kumchekesha shangazi wa bwana harusi ambaye anawaza kamati imefikia wapi na vinywaji, watu waliolipa kiingilio kukusikiliza hawatakusumbua. Kanuni yangu ni moja: chakula kikianza kugawiwa, sipandi. Namwomba MC anipange kabla, au nisubiri sahani ziondolewe.

Ukishakuwa na kitu mkononi, tafuta majukwaa ya stendapu yenyewe. Dar es Salaam kuna Cheka Tu. Nairobi, Churchill Show ya Daniel Ndambuki ilionyesha jinsi jukwaa moja linavyoweza kuinua kizazi kizima cha wachekeshaji. Nenda kwanza kama mtazamaji. Kaa nyuma, usimwangalie mchekeshaji, waangalie wanaocheka.

Na fika mapema, hili nalisisitiza. Mitambo ya kumbi nyingi imepangwa kwa ajili ya muziki, besi imejaa, na sauti nzito ya mzee inamezwa yote, watu wanasikia mngurumo tu. Mwombe fundi kwa heshima apunguze besi. Jaribu sauti zako zote pale pale, hasa ile ya chini kabisa. Ukiwa na wahusika wawili wanaojibizana, mpe kila mmoja upande wake: mmoja anaongea maiki ikiwa mkono wa kulia na uso umeelekea kushoto, mwingine unabadilisha mkono na kugeuka. Ukishawazoesha watazamaji mara mbili, huhitaji tena kusema "akamwambia" na "naye akamjibu". Wanajua nani anaongea kabla hajatoa neno, na wakati mwingine wanacheka pale pale maiki inapohama.

Fedha. Omba advansi kabla ya siku ya shughuli, na kiasi kilichobaki kilipwe kabla hujapanda. Nimewahi kumaliza shoo, ukumbi umesimama kunishangilia, na niliposhuka promota alikuwa ameshaondoka na simu amezima. Makubaliano yawe kwa maandishi, hata kama ni ujumbe wa WhatsApp: tarehe, ukumbi, dakika ngapi, kiasi gani, nani analipa nauli. Jisajili BASATA, yaani Baraza la Sanaa la Taifa, na kazi zako zilizorekodiwa uzipeleke COSOTA, wanaoshughulikia hakimiliki. Ukipata mkataba wa televisheni, soma kifungu kinachohusu jina kabla ya kile cha malipo. Kundi la wachekeshaji kina Joti, Masanja na Mpoki lilijulikana nchi nzima kama Ze Comedy likiwa EATV. Lilipohamia TBC1 lile jina halikuhama nalo, likawa Ze Orijino Komedi. Wao walikuwa na majina makubwa ya kila mmoja, watu wakawafuata. Wewe unayeanza ukihama bila jina lako, unaanza upya.

Kuhusu mitandao, rekodi ukionyesha uso. Klipu ya sauti tupu ya kiongozi anatangaza jambo ikiingia kwenye magrupu, ndani ya saa moja hakuna anayekumbuka kuwa ni utani, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inagusa kujifanya mtu mwingine kupitia kompyuta. Taja jina lako mwanzoni mwa video, au vaa fulana yenye jina lako. Pia ujue mazingira unayofanyia kazi: Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alishikiliwa na polisi baada ya video iliyomwonyesha akicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli. Sikwambii uogope. Nakwambia uwe na namba ya mwanasheria kwenye simu yako, na usimpigie mtu yeyote simu kwa sauti ya mtu mwingine, hata rafiki yako, hata kwa mzaha.

La mwisho ni hili la kuacha kazi, kwa sababu naulizwa sana. Usiache mapema. Kazi zetu zinafuata kalenda ya sherehe. Kwaresima ikifika, harusi za kanisani zinasimama. Ramadhani nayo ikija, Waislamu hawafanyi sherehe, na miaka ya karibuni miezi hiyo imekuwa ikigongana, kwa hiyo kuna kipindi simu hailii kabisa. Weka akiba ya kukuvusha hapo kabla hujaandika barua ya kuacha kazi. Mimi kipindi hicho ndicho ninachokitumia kupumzisha koo, kusikiliza hotuba mpya na kuandika, ili shughuli zikirudi baada ya Pasaka na Idi niwe na vitu ambavyo hakuna aliyevisikia.