Ua kubwa linanuka mzoga: usiung'oe mmea, hauumwi

Mkuu uliyeuliza kama mmea wako wa kutambaa umeoza kwa sababu ua linanuka na inzi wamelijaa: uko mzima kabisa. Ua pana kuliko sahani, mabaka ya zambarau, mkia unaoning'inia, hiyo ni Aristolochia grandiflora, mzaliwa wa misitu ya Mexico na Amerika ya Kati. Kichipukizi chake kabla hakijafunguka kinafanana na mwari aliyekunja shingo (mwari ndege, wasije watu wakanielewa vibaya).

Ninao mwaka wa sita sasa. Ua la kwanza lilipochanua nilizunguka uani nusu siku nikitafuta panya aliyekufa, nikahamisha hadi pipa la taka. Kesho yake harufu imekata.

Lililofuata nililipasua kwa wembe siku ileile lilipofunguka. Ndani nikakuta inzi hai, wanahangaika. Nikajua basi, huu unakula wadudu. Kumbe wapi! Harufu ni chambo tu. Inzi anaingia kooni mwa ua, na kule kuna vinyweleo vilivyoelekea ndani: kuingia anateleza, kutoka hawezi. Siku ya kwanza ua ni jike, linapokea chavua aliyotoka nayo kwenye ua jingine. Baadaye linageuka dume, linampaka chavua mpya, vinyweleo vinanyauka, naye anaachiwa. Anatoka hapo amebeba mzigo, anafuata uvundo mwingine akanaswe tena. Sijui nimcheke au nimhurumie.

Kama harufu imekushinda kweli, tafuta ndugu yake wa Brazili, Aristolochia gigantea. Nayo ina maua makubwa, ila harufu yake inakaribia ya limau. Mimi ningebaki na huu, niupandishe mbali na dirisha.

Na huyo jirani uliyesema anaomba majani achemshe dawa, mkatalie. Jamii hii ina asidi ya aristolokiki, inayoharibu figo na kuleta saratani. Ubelgiji, miaka ya mwanzo ya 1990, dawa za kupunguza unene ziliingiliwa kimakosa na mmea wa jamii hii. Watu zaidi ya 100, wengi wanawake, waliharibika figo, baadhi hadi kupandikizwa nyingine. Ajabu, jina Aristolochia kwa Kigiriki linahusu kujifungua salama, maana zamani wanawake wa kujifungua walinyweshwa.

Ukipogoa vaa glovu, na matawi usiwatupie mifugo.