Mbwa mgeni usimkutanishe na mwenyeji ndani ya geti

Wacha niwaambie ujinga wangu ndio usirudie. Hapa Kiamunyi, Nakuru, nilikuwa na Bosco, mbwa koko wa miaka saba, halafu nikaenda Njoro nikachukua mwingine, Chui, dume wa miezi kumi. Nikafika, nikafungua geti, nikamwachilia ndani nikisema watajuana tu wenyewe. Walijuana kweli. Bosco kazi yake maisha yote ni kufukuza chochote kinachoingia hapo, sijui nilidhani atamkaribisha mgeni na chai. Chui akashonwa sikio, na mimi kwa kuingiza mkono katikati nikaumwa kidole. Nilikiosha na sabuni chini ya mfereji dakika 15 nzima alafu nikaenda hospitali, hata kama Bosco ana chanjo, juu kichaa cha mbwa dalili zikishaanza hakuna kupona.

Sikio lilipopona nikaanza upya, sai nje. Asubuhi mapema kabla boda hazijajaa barabarani, mtoto wa jirani akamshika Chui upande ule wa barabara, mimi na Bosco upande huu, tunatembea tukielekea njia moja, hakuna kusalimiana. Siku tatu hivyo hivyo, kila siku tunasogeleana kidogo, mpaka Bosco akawa anamwangalia mara moja na kuendelea kunusa nyasi zake. Hapo ndio tukawaacha wanusane, kwa nyuma, si uso kwa uso, sekunde tatu hivi kisha kila mtu anamwita wake wanaendelea na safari. Na kamba ilegee! Ukiikaza mbwa anajua kuna noma, hata kama haikuwepo.

Watu wanadanganywa na mkia. Mkia ukitikisika si lazima iwe furaha, ukiwa umesimama wima umekaza, na mwili umekakamaa, macho hayabanduki kwa mwenzake, watenganishe polepole bila kelele. Akiinamisha kifua chini matako yakibaki juu, huyo anataka mchezo. Na wakishikana, mwaga ndoo ya maji, mikono weka mfukoni.

Kama ni kapapi hakajamaliza chanjo usikapeleke kwa njia mbwa wa mtaa wanapita, virusi vya parvo, ule ugonjwa wa kuharisha damu unaoua watoto wa mbwa, vinaweza kukaa kwa udongo miezi mingi. Ya kichaa anadungwa akifika miezi mitatu, na kila mwaka uirudie.

Siku ya kuingia tulitoka matembezi tukaingia pamoja, nikiwa nimeshaondoa mifupa na sahani zote uani. Usiku sasa ndio wengi wanaharibu, wanafungulia wote wawili walinde na wao wanaenda kulala. Mimi nilifungulia mmoja mmoja kwa zamu karibu wiki mbili.

Kula bado ni kando kando. Bosco nyuma ya tangi, Chui mlango wa jikoni, na siku ya omena Chui namfungia kabisa mpaka Bosco amalize kulamba sahani.